Lebo ya Mpishi

Chumba cha Uainishaji, Makao Makuu
Tarehe 4, mwezi wa tatu

Kwako mdogo wangu Usingizi,

Salamu nyingi. Mimi mzima, ila mgongo, na kile kiti nilichoomba tangu mwaka jana bado hakijaja. Wewe nikikuuliza hali utasema mzima, kwa hiyo nisipoteze wino.

Vioo. Mwezi uliopita umeagiza vipande kumi na viwili vya kioo cha ufa, na mwezi wa kwanza hukuagiza hata kimoja. Karani wa bohari aliniletea fomu yako huku anacheka, eti, "Mdogo wako anajenga nyumba ya vioo?" Nikacheka naye. Alipotoka nikafunga mlango nikaisoma mara tatu. Kioo tunakibandika juu ya ufa wa ukuta ili ufa ukipanuka kipasuke, tujue. Vyako vimepasuka kumi na viwili. Ukuta wako unatembea, mdogo wangu, na ukuta hautembei bure. Kuna kitu kimevuka Mlango kutoka dunia nyingine, kiko hapo kituoni, na hakina lebo ya kukipa fungu lake.

Usione nakufundisha kazi. Kanuni ya Fungu Moja tuliikariri benchi moja, wewe unasinzia, mimi nakufinya: kila kitu kina fungu moja katika dunia moja, na kilichokosa fungu huzivuta dunia mbili mpaka zigongane. Lakini hata aliyesinzia anakumbuka Kituo cha Nne. Saa ya ukutani iliyovuka ilisahauliwa kwenye droo siku tisa bila lebo. Mtaa mzima ukawa na adhuhuri mbili kwa siku, halafu nyumba saba zikaingiliana na nyumba za upande wa pili, watu wakiwa ndani.

Na jambo jingine dogo. Miaka minne barua zako zote zinaanza na kulia njaa. Mbili za mwisho hukutaja chakula hata kwa bahati mbaya. Unakula nini? Kwa nani?

Niambie mimi kabla sijaambiwa na mtu mwingine.

Dada yako,
Rula

*

Kituo cha Kumi na Moja
Tarehe 9, mwezi wa tatu

Dada Rula,

Shikamoo. Jamani, vioo kumi na viwili tu ndiyo umekosa raha? Vitatu nilivivunja mwenyewe kwa ngazi. Vilivyobaki ni mvua. Huku imenyesha hadi vyura wanaingia ofisini kama wana miadi. Ukuta wa udongo ukilowa unavimba, hilo hata wewe na rula yako unalijua.

Kuhusu chakula, umeniotea. Nimeajiri mpishi. Ni mwanamke mtu mzima, mwenyeji wa hapa hapa, mpole, hana maneno. Lebo yake nimeisaini mwenyewe tarehe 1, kwa sababu watumishi wa kituo mpokeaji kama mimi anaruhusiwa kuwasainia bila kuwasumbua ninyi wakubwa. Nimenenepa kidogo. Ukiniona utacheka.

Ukuta sasa umetulia kabisa, hata kioo kimoja hakijapasuka tena. Kwa hiyo usijisumbue kuja, njia ni mbaya na basi linachukua siku mbili. Nakutumia viatu vya kuvaa ndani, miguu yako najua inapata baridi kwenye ile sakafu yenu.

Mdogo wako

*

Makao Makuu
Tarehe 14, mwezi wa tatu

Usingizi,

Marahaba. Viatu vimefika, vinanitosha, asante. Sasa tuache kuzungushana.

Nimefungua nakala ya daftari lako la hali ya hewa. Unalijaza wewe mwenyewe kila asubuhi, na mwezi wote wa pili umeandika "kukavu, kukavu, kukavu". Hao vyura walikuja na miadi ya wapi?

Nimeitoa pia nakala ya lebo ya mpishi wako. Ukoo: hapana kitu. Alikozaliwa: hapana kitu. Umri: "mtu mzima". Wewe uliyewahi kuandika ukurasa mzima kuhusu sufuria iliyovuka!

Lakini kilichonitia baridi ni tarehe. Kioo chako cha mwisho kilipasuka asubuhi ya tarehe 1. Siku hiyo hiyo ukasaini lebo ya mpishi, na ukuta ukanyamaza. Kama ni mwenyeji wa hapa hapa, lebo yake ingeuhusu nini ukuta? Amevuka. Ni yeye aliyekuwa anaupasua. Na anayevuka Mlango, akiwa mtu, anarudishwa kwao kabla lebo haijamshika, na lebo humshika mtu siku ya kumi na nne tangu isainiwe. Leo ni siku ya kumi na nne.

Kama ni mapenzi, sema. Sitakucheka, au nitakucheka baadaye. Ila jana Mkaguzi ameomba jalada la kituo chako. Atafika huko tarehe 2 mwezi ujao. Ni nani huyo mwanamke?

Rula

*

Kituo cha Kumi na Moja
Tarehe 18, mwezi wa tatu

Dada,

Barua hii nimeificha chini ya soli ya kiatu cha dereva wa basi, kwa ruhusa yake, maana zinazopita ofisini zinafunguliwa. Ukishaisoma ichome.

Unajua kwa nini sikukuambia? Seremala. Alikuwa mchumba wako, harusi imebaki wiki tatu, akafuga ndege mmoja aliyevuka, wa buluu, hana hatia ya mtu. Wewe ukaenda na rula yako ukapima ufa nyuma ya karakana yake, ukaandika ripoti. Wakamhamisha yeye na ndege wake, na mpaka leo hatujui dunia gani. Mtu aliyemfanyia hivyo mchumba wake, nimwambieje siri?

Basi sikiliza. Ni mama.

Tarehe 15 mwezi wa pili, saa nne asubuhi, nilikuwa napima sanduku la misumari iliyovuka. Mlango ukafunguka, akaingia mwanamke na mfuko wa nguo chafu begani. Akanitazama. Mfuko ukaanguka. Akasema, "Mbona umekonda hivyo?" Dada, miaka sita tangu tumzike, na neno lake la kwanza ni kunisema.

Kwao homa ile ile ilipita, mwaka ule ule. Huku ilimchukua yeye. Kule ilituchukua sisi wawili, mimi Jumatatu, wewe Alhamisi. Hana mtu. Alikuwa anakwenda kufua, akakosea njia kwa mawazo, akavuka. Nimrudishe kwa nani? Kwenye makaburi mawili?

Nilikaa naye wiki mbili, vioo vinapasuka kimoja baada ya kingine, nikajua nikiandika "mtu, kutoka dunia nyingine" utaiona hati, utamrudisha. Ndiyo nikaandika mpishi. Nilidhani lebo ni ya viti na sufuria, kwamba kwa binadamu ni karatasi tu. Mimi ndiye niliyesinzia darasani, umesema kweli.

Ilianza tarehe 12. Aliniwekea chakula akasema, "Karibu, bwana." Nikadhani mzaha. Kesho yake akaacha kukaa nami mezani. Juzi nilimwita mama, akageuka kuangalia nyuma yake aone ninamwita nani. Alikuwa kila siku ananiuliza, "Dada yako atakuja lini?" na mimi mjinga namwambia una kazi nyingi, kumbe ninakuogopa. Sasa haulizi tena. Anauliza bwana atakula saa ngapi.

Nisaidie. Ukitaka kunipeleka nipeleke, lakini msaidie kwanza yeye.

Mdogo wako

*

Makao Makuu
Tarehe 21, mwezi wa tatu

Usingizi,

Nimeisoma chooni, nimesimama, nikaisoma tena nimekaa sakafuni. Nimeichoma, na hii nayo inakuja kwa kiatu kile kile cha dereva.

Kuhusu seremala nikujibu mara moja, tusirudie. Ufa wa yule ndege ulikuwa umeshaingia nyumba ya jirani, chumba wanacholala watoto watano. Niliwahesabu, nikaandika ripoti. Nikalia mwaka mzima, na wewe hukuniuliza hata siku moja.

Sasa huyo mwanamke. Nataka iwe kweli kuliko wewe, na ndiyo maana siamini. Sura inavuka, sauti inavuka, na kukwambia umekonda hata muuza gazeti anaweza. Watu wenye shida wanatafuta milango, wengine wanajifunza watakachosema. Na wewe nakushuku pia, nisamehe. Mwandiko wako umekandamiza karatasi mpaka imetoboka. Unaandika kwa hiari yako, au kuna mtu amesimama nyuma yako?

Muulize kitu kimoja, na usimsaidie. Siku nilipoletewa barua ya kufeli mtihani wa kwanza wa uainishaji, ile barua aliifanya nini? Tulikuwa wawili tu jikoni. Wewe ulikuwa shule, hujui jibu, kwa hiyo hata ukitaka kunidanganya huwezi. Ilikuwa kabla ya homa, basi kwao na kwetu yawe yale yale.

Niandikie maneno yake kama alivyoyasema.

Rula

*

Kituo cha Kumi na Moja
Tarehe 25, mwezi wa tatu

Dada,

Nilimkuta anamenya viazi, nikamuuliza kama ulivyosema. Akasema, "Mimi mpishi tu, bwana, barua za mitihani nazijulia wapi?" Akaendelea kumenya. Kisu kikapunguza mwendo, kikasimama.

Akasema, "Ile? Nilifungia kipande cha sabuni. Nikamwambia, haya, sasa imepata kazi ya maana, na wewe kanawe uso."

Halafu akaanza kulia, kisu mkononi, machozi yanadondokea viazi. Nikamshika bega. Akajitoa taratibu kama mtu aliyeshikwa na mgeni, akaniuliza, "Bwana, huyo mtoto aliyefeli ni wa nani?"

Ni yeye, si ndivyo? Niambie kama ni yeye.

Najua unachoweza kufanya. Nafasi ya mama katika ukoo wetu iko wazi tangu tulipomzika, na kanuni inaruhusu mwainishaji kujaza pengo. Ukiibandika lebo ya "mama" juu ya ile ya mpishi, atarudi, na akishakuwa wa hapa hakuna wa kumrudisha. Na usiniambie umwachie mwainishaji mwingine, wale wote watamvusha siku hiyo hiyo. Wakimvusha hivi alivyo, atakaa kwenye nyumba yake mwenyewe akisubiri mwenye nyumba arudi amwambie apike nini.

Najua pia kwamba mwenye damu haainishi damu yake mpaka ajitoe kwanza kwenye ukoo. Hilo sikuombi na usilifikirie hata kwa utani. Tafuta njia nyingine, wewe ndiye mwenye akili. Mkaguzi anakuja baada ya siku nane.

Mdogo wako

*

Makao Makuu
Tarehe 29, mwezi wa tatu

Mdogo wangu, Usingizi wangu,

Ni yeye. Sabuni ilikuwa ya kipande, ya kufulia, na nilinawa uso kwa hiyo hiyo.

Nilijaribu juzi, wenzangu walipokwenda kula. Niliandika lebo nikagonga muhuri. Wino ulikaa kidogo, ukateleza wote mpaka pembeni ya karatasi, ukanichafua mkono. Nimerudia mara nne. Miaka kumi na moja nagonga muhuri na sikuwahi kuona wino ukinikataa.

Sasa tulia. Nimepata njia, na leo asubuhi imekamilika. Usiniulize ni ipi, wewe una mdomo mwepesi. Lebo nimeituma na gari la ofisi, itafika kesho kutwa, ina muhuri safi kabisa na wino umeshika. Ibandike juu ya ile ya zamani, mbele ya mama, aione. Mkaguzi akija mwonyeshe bila kutetemeka, na usimtungie hadithi za mvua. Mama atarudi polepole, kama alivyokwenda.

Kuna neno sijawahi kulisema. Siku mlipomzika sikuja. Nilikuambia barabara zimefungwa kwa homa, na wewe ukaniamini, au ulijifanya. Barabara zilikuwa wazi. Nilikuwa zamu, nikaogopa kumwona amelala, nikaomba zamu ya pili, na ya tatu. Nikaainisha vijiko siku tatu. Tangu hapo sijapita siku bila kuona aibu. Kwa hiyo usinihurumie, mimi nafanya kitu ninachotaka.

Nina ombi. Niandikie habari zake, nyingi, na upesi. Anavaa nini, bado anacheka kwa kuziba mdomo, bado anaongea na sufuria? Usiniwekee akiba. Nataka nizisome zote kabla ya tarehe 12. Na akianza kukumbuka, akiuliza habari zangu, mwambie ninakula vizuri na viatu vya ndani ninavyo. Asipouliza, usimlazimishe.

Nimekusamehe kwa kuniogopa. Na mimi nilikuwa naogopesha, najua. Nakupenda sana, mdogo wangu, na sijui kwa nini tumekaa miaka yote hii tukilisema kwa viatu na matusi.

Dada yako,
Rula

*

Kituo cha Kumi na Moja
Tarehe 8, mwezi wa nne

Dada yangu wee, fundi wangu,

Ameniita mwanangu!

Mkaguzi alikuja tarehe 2, akazunguka na tochi yake, akaisoma lebo, akaukwaruza muhuri kwa kucha. Akauliza, "Huyu ni mama yako?" Nikasema ndiyo, na kwa mara ya kwanza mwaka huu sikusema uongo. Akasaini, akala sahani mbili, akaondoka. Mama alikuwa bado ananiita bwana, nikamwambia Mkaguzi ni heshima ya kwetu.

Leo asubuhi nimeamka nikamkuta amekaa kitandani pangu anakagua shati langu. Akasema, "Mwanangu, vifungo hivi umeshonewa na nani, adui yako?" Nililia kama mtoto. Naye akalia, halafu akanicheka, ameziba mdomo vile vile. Ndiyo, anaongea na sufuria. Ile kubwa anaiita mvivu. Anavaa gauni la kijani nililomnunulia, refu kidogo, amelipandisha kwa pini. Amekataa niwe na mto wa sponji, anasema unapinda shingo. Kila kitu kimerudi.

Kitu kimoja tu. Nilimwambia, tumwandikie Rula? Akasema, "Rula ndiye nani?" Nikasema binti yako. Akacheka mpaka akashika ukuta. "Nimezaa mmoja tu, na huyo mmoja alinitosha. Ningezaa binti nikamsahau?" Nadhani ni mabaki ya lebo ya mpishi, yatatoka. Akikuona yatatoka. Njoo, dada. Omba likizo, panda basi, nitakungoja stendi.

Mdogo wako mwenye furaha

*

Makao Makuu
Tarehe 11, mwezi wa nne

Mpokeaji, mdogo wangu,

Barua yako ya tarehe 8 nimeipata. Nimefurahi kwamba kituo kiko shwari na ukaguzi umepita vizuri.

Kuhusu kuja, kazi ni nyingi na sioni hasa nije kwa shughuli gani. Nimejaribu kuandika sababu kwenye fomu ya likizo nikakaa na kalamu muda mrefu. Jana nilikuwa naijua. Pia mezani pangu kuna picha ya watu watatu wamesimama mbele ya nyumba, mmoja ni mimi. Wewe labda unafahamu ilipigwa wapi. Nimeigeuza kwa sababu inanisumbua wakati wa kazi.

Maelezo ya gauni la kijani ni mazuri. Nimeyasoma mara mbili, nikahisi yalikuwa yananihusu.

Ukiagiza vioo mwezi huu, tumia fomu mpya.

Rula, Mwainishaji

*

Kituo cha Kumi na Moja
Tarehe 15, mwezi wa nne

Dada,

Ni nani amekuandikia ile barua? Mwandiko ni wako, lakini wewe huandiki hivyo. "Shughuli gani"? Mama yako mzazi ni shughuli? Kama kuna mtu amekusimamia nyuma, andika tu kwamba mgongo umepona, nitajua, maana mgongo wako haujawahi kupona.

Au ndiyo yale yale ya seremala? Ulituma lebo ili Mkaguzi atunase vizuri, sasa unajitoa pembeni usichafuke? Nimekaa siku mbili nikiwaza hivyo, nimekutukana kwa kila jina, mama akaniuliza ninagombana na nani peke yangu.

Halafu nimetoa ile barua yako ya tarehe 29 nikaisoma tena. "Leo asubuhi imekamilika." "Kabla ya tarehe 12." Nimehesabu siku kwa vidole. Ni kumi na nne, zile za lebo kushika. Dada, sitaki kufikiri ninachofikiri. Nilikukataza. Nilikukataza kwa maandishi!

Niandikie neno moja tu. Niite Usingizi. Nitukane. Sema nilisinzia darasani ukanifinya. Chochote.

Mdogo wako, mdogo wako, mdogo wako

*

Chumba cha Uainishaji, Makao Makuu
Tarehe 19, mwezi wa nne

Kwa Mpokeaji, Kituo cha Kumi na Moja

Bwana,

Nimepokea barua yako ya tarehe 15. Inaelekea imekosewa anwani, kwa hiyo ninakurudishia.

Ikiwa haikukosewa, nakutahadharisha. Kumwita mwainishaji "dada", kumkumbusha mambo ya darasani na kumwomba akutukane ni njia ambazo wapokeaji wengine wamewahi kuzitumia ili hati zao zipite bila kukaguliwa. Nimeshangaa kwamba unajua habari za mgongo wangu, na nimemuuliza karani wa bohari kama ndiye aliyekupa. Amekana. Baadaye nimemwona anajifuta macho nyuma ya makabati, na sasa namshuku zaidi.

Kwa sababu ya madai yako nimelazimika kutoa jalada langu mwenyewe na kulisoma. Mwainishaji huyu hana mzazi wala ndugu. Alijitoa katika ukoo kwa hiari, kwa fomu aliyoijaza tarehe 29 mwezi uliopita, na siku hiyo hiyo alisaini lebo ya mwanamke mmoja wa kituo chako, "mama wa mtoto mmoja". Utaratibu ulifuatwa na muhuri ni safi. Sikumbuki kwa nini niliharakisha.

Lakini kuna sehemu moja masjala hawajaielewa, nami nikiulizwa sina la kuwajibu. Kwenye nafasi ya sababu ya kujitoa pameandikwa, kwa mwandiko wangu: "Ili mama ampate mmoja wetu."

Kama unajua maana yake, niandikie kwa ufupi, nifunge jalada.

Mwainishaji